Mji wa Pompeii Uliofunikwa na Majivu

Mtu wa Goma hana haja ya kuelezwa mlima wa moto ni kitu gani. Anaujua Nyiragongo. Mwaka wa 1977 mlima huo ulipasuka ubavuni, na mawe yaliyoyeyuka yakashuka mbio kama maji. Tarehe 17 Januari 2002 yalishuka tena: yakapita katikati ya mji, yakafunika kipande cha uwanja wa ndege, yakateketeza kanisa kubwa la Mtakatifu Yosefu, yakaingia katika ziwa Kivu yakitoa mvuke. Na tarehe 22 Mei 2021 yakatoka mara nyingine, yakasimama ukingoni mwa mji. Lakini mtoto wa Kalemie au wa Kongolo hajaona mambo hayo. Kwake mlima ni mlima tu.

Basi, habari hizi ni za mlima mwingine, ulio mbali sana, katika nchi ya Italia. Jina lake ni Vesuvio. Si mrefu: una metri 1,281 tu, wala haufiki nusu ya Nyiragongo, wenye metri 3,470 hivi. Lakini urefu si kitu. Mwaka wa 79 baada ya kuzaliwa kwake Kristo, Vesuvio ulifunika mji mzima wa Waroma, pamoja na nyumba zake, maduka yake, mbwa wake na watu wake. Mji huo ni Pompeii. Ulikaa chini ya udongo zaidi ya miaka elfu moja na mia sita, hata watu wakasahau mahali pake. Mwaka wa 1748 wakaanza kuuchimba. Siku hizi wageni huja kuutazama toka nchi zote za dunia, na mtu akiamka mapema aweza kuzunguka sehemu kubwa kwa siku moja.

Safari huanza mjini Napoli, asubuhi. Wageni hupanda gari la moshi (siku hizi laenda kwa umeme, wala halitoi moshi wo wote, lakini jina limebaki). Gari hilo huzunguka miguu ya mlima. Upande mmoja ni bahari, upande wa pili ni Vesuvio wenyewe, na katikati ni nyumba na nyumba na nyumba, na bustani za mizabibu na malimau. Baada ya dakika arobaini hivi wageni hushuka. Mlango wa mji wa kale hauko mbali na kituo, ni hatua chache tu.

Mlangoni kila mtu hununua tiketi yake, nayo huandikwa jina lake. Mwezi wa Novemba 2024 wakubwa wa mahali pale waliweka sheria: kwa siku moja wasiingie watu zaidi ya 20,000. Mtu atashangaa, maana watu elfu ishirini ni wengi kuliko wenyeji wa zamani. Ndiyo, ni kweli. Wataalamu hukadiri kwamba wenyeji wa Pompeii walikuwa kama elfu kumi au zaidi kidogo. Basi siku hizi, wakati wa joto, wageni hushinda wenyeji kwa wingi, na miguu yao yote hukanyaga mawe yale yale.

Afadhali mgeni achukue kofia, viatu vyenye nguvu, na chupa ya maji. Kivuli ni kidogo sana. Chupa ikiisha, yako mabirika ya mawe penye njia panda, na mengine hutoa maji safi hata leo. Waroma waliyajenga ili kila mtu apate maji karibu na nyumba yake. Maji yalitoka milimani kwa mfereji, yakapita ndani ya mabomba ya risasi chini ya njia. Ukingo wa birika moja na jingine umelika mahali pamoja, kama shimo la kiganja. Hapo ndipo watu walipoegemea mkono wakiinama kunywa, mwaka kwa mwaka.

Tena ni vema kufuatana na kiongozi. Asiye na kiongozi huona kuta tu, huzunguka juani saa mbili, kisha hurudi akisema, "Nimeona mawe." Kiongozi wa kweli amefanya mtihani, naye huvaa kadi ya serikali shingoni. Hutembea mbele, na wageni hufuata nyuma kama wanafunzi wanaokwenda shambani na mwalimu wao.

Jambo la kwanza analoonyesha ni njia. Zimetandikwa mawe meusi makubwa. Mtoto wa Goma angeyatambua mara moja, maana ni mawe ya mlima wa moto, kama yale yanayojengewa nyumba na kuta kwao. Watu wa Pompeii waliyatumia bila kuogopa. Mlima ulikuwa umelala muda mrefu sana, na miteremko yake ilikuwa na mizabibu. Katika mawe ya njia mna mikwaruzo mirefu miwili miwili: hiyo ni alama ya magurudumu ya mikokoteni. Na mahali pengine mawe makubwa matatu yamesimama katikati ya njia, yameinuka juu. Wageni huuliza, "Haya ni ya nini? Mbona yanaziba njia?" Kiongozi hucheka. Maji machafu na mvua vilipita njiani, na samadi ya wanyama pia. Mtu aliyetaka kuvuka alikanyaga juu ya mawe hayo, asiloweke miguu. Nafasi kati ya jiwe na jiwe ilipimwa vizuri ili magurudumu yapite.

Kando ya njia yako maduka. Mengine yaliuza chakula kilichopikwa tayari. Meza yake ni ya mawe, nayo ina matundu ya duara, na ndani ya kila tundu mmejengewa chungu kikubwa. Katika mwaka wa 2020 wachimbaji walimaliza kufunua duka moja la namna hiyo, lenye picha za rangi za kuku na bata mbele ya meza. Chini ya vyungu vyake walikuta mabaki ya chakula: mifupa ya bata, ya nguruwe, ya mbuzi, na ya samaki, na makombe ya konokono. Kwa hiyo twaweza kusema chakula cha siku ile bado kilikuwa chunguni.

Lakini nyumba ya mwokaji mikate yapendeza kuliko maduka yote. Mna vinu vikubwa vya mawe meusi, virefu kama kifua cha mtu, na tanuri ya matofali iliyo kama ile ya leo. Katika tanuri moja walikuta mikate 81. Ilikuwa imegeuka makaa, lakini umbo lake halikuharibika: mikate ya duara, imekatwa alama nane juu, ili ivunjwe vipande sawa. Mwokaji aliitia motoni, akafunga mlango wa chuma, asirudi tena.

Vinu vilizungushwa na punda, na mara nyingine na watu. Mwezi wa Desemba 2023 wachimbaji walitangaza kwamba wamefunua nyumba ya mwokaji mwingine. Chumba cha vinu hakikuwa na mlango wa nje. Madirisha yake yalikuwa madogo, juu kabisa, yamezibwa kwa vyuma. Sakafuni palichongwa vijishimo, ili punda waliofungwa macho wajue mahali pa kukanyaga, wazunguke bila kukoma. Humo waliishi punda na watumwa pamoja. Ni lazima kulijua jambo hili, maana wageni wengi husifu nyumba nzuri za matajiri, picha za ukutani, sakafu za vijiwe vya rangi, na bustani zenye maji. Wala hawaulizi ni nani aliyesaga unga wa nyumba hizo.

Kuta nazo zina maneno. Waroma waliandika mengi ukutani kwa rangi. Walipokaribia kuwachagua wakubwa wa mji, rafiki za kila mmoja waliandika jina lake njiani: wauza matunda wamtaka huyu, waokaji wamtaka yule. Mambo ya uchaguzi hayakuanza jana. Na mwisho wa mji, upande wa mashariki, uko uwanja mkubwa wa michezo, wenye umri wa zaidi ya miaka elfu mbili, ambamo waliweza kukaa watu elfu ishirini hivi. Mwaka wa 59 watu wa Pompeii na wageni wa mji wa Nuceria walitukanana humo wakati wa michezo, kisha wakarushiana mawe, halafu wakatoa visu. Wengi walikufa. Wakubwa wa Roma wakakataza michezo hiyo katika Pompeii kwa muda wa miaka kumi.

Wageni wakisha kuona hayo, huwa wamechoka, nao huketi kivulini. Ndipo kiongozi huwaelekeza wautazame mlima. Ukiwa katikati ya mji, penye kiwanja kikubwa cha soko na mahekalu, Vesuvio huonekana wazi nyuma ya nguzo zilizovunjika. Hapo ndipo afaapo kusimulia habari ya siku ile.

Mlima haukuja bila kutangulia na dalili. Mwaka wa 62 nchi ilitetemeka sana, nyumba nyingi za Pompeii zikaanguka. Miaka kumi na saba baadaye mafundi walikuwa bado wanatengeneza kuta. Halafu siku chache kabla ya msiba, nchi ikatetemeka tena kidogo kidogo. Watu hawakujali. Walikuwa wamezoea.

Siku yenyewe, saa za mchana, mlima ulipasuka kileleni. Haukutoa mto wa moto kama Nyiragongo. Ulirusha juu majivu na mawe mepesi yenye matundu matundu, kwa nguvu kubwa mno, hata wingu lake likapanda kilometri thelathini hivi angani. Kijana mmoja aliliona akiwa ng'ambo ya ghuba, mahali paitwapo Misenum. Jina lake Plinius, na umri wake ulikuwa miaka kumi na saba. Baadaye alimwandikia rafiki yake Tacitus barua mbili, na barua hizo zinasomwa hata leo. Alisema wingu lilikuwa na umbo la msonobari: shina refu, halafu matawi yamepanuka juu.

Mjomba wake, aliyeitwa Plinius vile vile, alikuwa mkubwa wa merikebu za vita za Misenum, tena mtu wa elimu nyingi. Alimwambia kijana wafuatane, lakini kijana akasema afadhali abaki na masomo yake. Mjomba akaingia baharini na merikebu kubwa ili kuwaokoa watu waliokuwa chini ya mlima. Mawe yaliangukia merikebu, nahodha akataka warudi, yeye akakataa. Akafika Stabiae, akalala huko. Asubuhi yake akaanguka pwani, akafa. Kijana aliandika kwamba moshi mzito ulimziba pumzi. Watu wa Kivu wanaijua hewa mbaya itokayo chini karibu na milima ya moto, wanaiita mazuku, nayo huua mtu na mbuzi bila kelele.

Huko Pompeii upepo ulileta mawe mepesi juu ya mji. Yalianguka mchana wote na usiku. Jua likapotea. Jiwe moja jepesi halimwumizi mtu sana, lakini yalijaa njiani hadi magotini, hadi kiunoni, mwisho yakapita kimo cha mtu: karibu metri tatu. Dari zikaelemewa, zikaanguka juu ya watu waliojificha ndani. Waliokimbia mapema, saa za kwanza, wengi walipona. Lakini si wote walioweza kukimbia. Wengine walikuwa na mgonjwa, au mtoto mchanga. Wengine waliogopa kuacha mali. Tena wako waliorudi kuchukua kitu: wamekutwa na funguo za nyumba mkononi, na fedha, na pete.

Alfajiri ya siku ya pili, mvua ya mawe ilipungua, na labda waliobaki walidhani msiba umekwisha. Wengi walitoka wakatembea juu ya mawe, karibu na madirisha ya juu. Ndipo mlima ulipotoa kitu kibaya kuliko vyote: wingu zito la majivu na hewa ya moto, lililotambaa juu ya nchi kwa kasi kuliko farasi. Likaingia mjini. Katika dakika chache hakubaki mtu hai.

Waliozoea vitabu vya zamani watasema mambo haya yalitokea tarehe 24 Agosti. Barua ya Plinius, kama ilivyonakiliwa, yasema hivyo. Lakini mwaka wa 2018 walikuta ukutani maneno yaliyoandikwa kwa makaa, yenye tarehe ya siku yetu ya 17 Oktoba, na wengine hudhani maandiko ya makaa hayadumu muda mrefu. Kwa hiyo wataalamu wengi sasa husema msiba ulikuwa mwezi wa Oktoba.

Majivu yaliwafunika wafu, kisha mvua ikayafanya magumu kama saruji. Miili ikaoza, ikabaki mifupa tu ndani ya tundu lenye umbo la mtu. Wachimbaji wa kwanza walivunja matundu hayo bila kujua. Mwaka wa 1863 mkubwa wa machimbo, Giuseppe Fiorelli, alipata shauri. Kila walipoona tundu, walimimina ndani plasta iliyolainishwa kwa maji. Ilipokauka, wakaondoa majivu yaliyoizunguka. Wakamwona mtu: mikunjo ya nguo yake, viatu, nywele, mkono uliofunika uso. Tangu siku hizo wametengeneza zaidi ya mia moja. Mmoja si mtu, ni mbwa. Alikuwa amefungwa kwa mnyororo, na alipanda juu kadiri mawe yalivyopanda, mpaka mnyororo ukaisha.

Katika shamba moja la mizabibu, karibu na ukuta wa kusini, wamelala kumi na watatu, wakubwa na watoto pamoja. Walikutwa mwaka wa 1961, nao wanaitwa wakimbizi. Hawakuwa mbali na mlango wa mji. Hapo kiongozi mwema hupunguza sauti. Wageni wengine hucheka na kupiga picha mbele yao, kana kwamba ni sanamu za maonyesho. Si sanamu, ndani ya plasta mna mifupa yao.

Zamani viongozi walipenda kuonyesha watu wanne wa nyumba moja. Mmoja alivaa bangili ya dhahabu, na mtoto alikuwa mapajani pake. Wakasema: "Tazameni, huyu ndiye mama na mtoto wake." Wageni walilia. Mwaka wa 2024 wataalamu walipima mifupa kwa njia mpya, ile inayoonyesha ukoo wa mtu. Wakaona ya kuwa yule mwenye bangili alikuwa mwanamume, wala mtoto hakuwa wa damu yake. Basi hadithi ya mama ikaisha. Lakini hii mpya haipungukiwi kitu. Ni nani mtu huyo, aliyekaa na mtoto asiye wake katika saa ile?

Jioni inapokaribia, walinzi huwatoa wageni. Humwangalia kila mtu asichukue jiwe. Wako waliochukua, kisha wakarudisha kwa posta baada ya miaka mingi, pamoja na barua ya kuomba radhi, maana walipatwa na mabaya nyumbani wakadhani ni jiwe. Kwa kweli hasara ya jiwe ni ya mji, si ya mwizi. Mvua, jua na majani huharibu kuta. Mwaka wa 1943, wakati wa vita, mabomu yaliangukia mji. Na mwaka wa 2010 nyumba moja yenye sifa iliporomoka yote. Theluthi moja ya Pompeii haijafunuliwa. Wakubwa wa machimbo hawana haraka nayo. Kilicho chini ya udongo hakinyeshewi, na watakaokuja baadaye watakuwa na vyombo bora.

Kisha wageni hurudi kituoni. Vesuvio haujafa. Ulitoa moto mara ya mwisho mwezi wa Machi 1944, ukaharibu vijiji. Tangu mwaka wa 1841 kuna nyumba ya wataalamu wanaoupima mlima, ya kwanza duniani kwa kazi hiyo, na leo vyombo vyao vya Napoli husikiliza usiku na mchana, kama vile vya Goma vinavyosikiliza Nyiragongo. Watu zaidi ya 600,000 hukaa katika nchi ya hatari ya kwanza, chini ya mlima. Serikali imepanga kwamba dalili zikionekana, wote waondolewe kwa muda wa saa 72, kila mji ukipelekwa mkoa wake. Gari la moshi la jioni hupita katika miji hiyo, likasimama kila kituo, na watu wenye vikapu vya soko na watoto wenye mifuko ya shule hushuka, wakaenda kwao.